Uwanja na Daftari

(Hotuba iliyosomwa mbele ya mkutano wa wanachama)



Tumeombwa tuseme machache juu ya michezo, nasi tumechagua habari za chuo kimoja kilichokuwa cha ukulima, jina lake Clemson, katika jimbo la South Carolina huko Marekani. Kilifunguliwa mwaka 1893, na wanafunzi wake walikuwa vijana waliovaa sare na kuishi kwa amri za kijeshi.

Mwaka 1896 alifika pale mwalimu wa uhandisi, Bwana Walter Riggs, aliyeujua mpira tangu alipokuwa katika chuo cha Auburn. Mpira huo si kama wetu: huchukuliwa mikononi, na wachezaji huangushana chini. Siku zile aliyeufikisha nyuma ya mstari wa wapinzani alipata pointi 4, na teke la baadaye likifaulu, 2 zaidi. Wengi wa vijana wake hawakuwahi hata kuutazama mchezo huo. Ikambidi aanze nao tangu alifu.

Msimu ule walicheza mara 3 tu. Tarehe 31 Oktoba waliwashinda Furman, 14 kwa 6. Tarehe 12 Novemba, mjini Columbia, walishindwa na chuo cha South Carolina, 12 kwa 6. Tarehe 21 Novemba waliwashinda Wofford, 16 kwa 0. Mwaka 1900, chini ya mwalimu John Heisman, walicheza mara 6 wasishindwe hata mara moja. Walipata pointi 222, wapinzani wote pamoja 10. Haba na haba hujaza kibaba.

Lakini daftari hilo la ushindi halisemi yote. Ardhi ya chuo ilikuwa shamba la John C. Calhoun, bwana wa watumwa. Majumba ya kwanza yalijengwa kwa jasho la wafungwa wa jimbo, wengi wao watu weusi, na baadhi yao wangali watoto. Wala mtu mweusi hakupokewa kusoma pale mpaka Januari 1963, alipoingia Bwana Harvey Gantt. Mwaka 2020 watafiti walianza kugundua, kando ya uwanja mkubwa wa mpira, makaburi yasiyo na alama, yakazidi 500. Yasadikiwa kuwa ya watumwa, vibarua na wafungwa wale. Pointi 14 kwa 6 zimehifadhiwa hata leo. Majina ya wengi waliolala pale hayajulikani.

Ndugu zetu, sisi ni makarani, na kalamu ni jembe letu. Tusiwacheke wa mbali. Juzi tulilifunua daftari la timu yetu wenyewe. Magoli yote yamo, na aliyeyafunga, na saa aliyofunga. Mzee anayefyeka majani ya uwanja wetu tangu alfajiri hayumo. Tulipoulizana jina lake, hatukupata hata mmoja aliyelijua, nasi humwamkia kila Jumamosi.

Kwa hiyo twaomba mkutano huu ukubali jambo moja: tangu msimu huu, katika ukurasa wa kwanza wa daftari, kabla ya majina ya wachezaji, yaandikwe majina ya wote wanaoutunza uwanja. Sisi wenyewe tutakwenda kesho kumwuliza mzee jina lake, na kumtaka radhi kwa kuchelewa.