Ukungu wa Milimani Ndio Maji ya Nyikani

Maandishi ya mazungumzo yaliyotayarishwa kwa baraza la wakazi wa Mraru. Yanachapishwa hapa kwa faida ya wale ambao hawakuweza kufika.



Mtu akisikia "msitu wa mvua" huwaza Kongo au Amazon, mbali sana na huku Voi ambako kuna misimu mvua hukataa kabisa. Lakini msitu wa namna hiyo uko juu ya vichwa vya watu wa kaunti hii. Ngangao, Chawia, Mbololo na Vuria ni misitu ya mvua na ukungu. Ndiyo ncha ya kaskazini ya safu ya milima ya kale inayoanzia Taita, ikapita Pare, Usambara na Uluguru, hadi Udzungwa nchini Tanzania.

Kazi yake ni hii. Upepo wa Bahari Hindi huvuka nyika ukiwa umebeba unyevu. Ukifika milimani hulazimika kupanda, hupoa, na unyevu hugeuka mawingu. Ndiyo sababu Wundanyi huamka ndani ya ukungu siku ambayo Voi jua linachoma tangu saa mbili. Majani na kuvumwani hunasa ukungu huo, ukadondoka tone kwa tone hata siku isiyo na mvua. Chini yake, udongo wenye majani yaliyooza hunyonya maji kama sifongo, kisha huyaachilia polepole kwenye chemchemi na vijito muda mrefu baada ya mvua kwisha. Mto Voi huanzia huko. Msitu ukiondoka, mvua ileile hushuka kwa siku moja ikiwa imebeba udongo wa shamba la mtu, na mto unabaki mchanga mtupu.

Wako watakaosema maji ya Voi yanatoka kwa bomba la Mzima. Ni kweli. Lakini Mzima nayo hupata maji yake kutoka milima ya Chyulu, ambako mvua na ukungu hupenya mawe ya volkano hadi chemchemini. Bomba haliumbi maji.

Kilichobaki Taita ni kidogo. Ngangao ni kama hekta 120, Chawia haifiki 100, Mbololo ni karibu 200. Watafiti waliolinganisha picha za angani za 1955 na hali ya 2004 walikuta karibu nusu ya msitu wa asili imetoweka. Huo ni umri wa mtu mmoja tu, na wako wazee wanaokumbuka mahali ambapo zamani hapakupenya jua. Vipande hivyo sasa ni kama visiwa katikati ya mashamba. Apalis wa Taita, ndege mdogo mwenye koo jeusi, hapatikani kwingine popote duniani, na yuko hatarini kutoweka.

Zamani Wataita walikuwa na fighi, misitu mitakatifu ambayo hakuna aliyethubutu kuikata ovyo. Leo iko Sheria ya Uhifadhi na Usimamizi wa Misitu ya 2016, na vyama vya jamii vya misitu vinavyofanya kazi pamoja na Shirika la Huduma za Misitu. Fighi haikuhitaji askari. Sheria inamhitaji, na askari hawatoshi.

Jambo moja husahaulika: si kila mti unafanya kazi hii. Sehemu kadhaa za milima zilipandwa misonobari na mikaratusi, na kwa mbali zinaonekana kijani vilevile. Mfano uko karibu, kilima cha Sagalla. Huko anaishi mnyama wa jamii ya vyura asiye na miguu, anayefanana na mnyoo, na hajulikani kuwepo mahali pengine. Anahitaji udongo laini wenye unyevu, na mikaratusi imekausha udongo huo. Udongo uliomkaukia yeye ndio uliokuwa ukilisha kijito. Kwa hiyo mkaratusi usipandwe karibu na chemchemi, hata mche ukitolewa bure.

Taifa limejiwekea lengo la miti bilioni 15 kufikia 2032. Ni lengo zuri, lakini mara nyingi hesabu huwa ya mashimo yaliyochimbwa siku ya wageni. Miche iliyo hai baada ya kiangazi cha pili ndiyo ya kuhesabiwa.

Halafu kuna moto na makaa. Moto mwingi huanza kwa jambo dogo: mtu anasafisha shamba, mwingine anarina asali, upepo unageuka. Kuhusu makaa, isemwe wazi kwamba kumkataza mama kukata kuni bila kuzungumza naye atapikia nini ni kazi bure. Mukau hustahimili ukame wa huku chini na hukua haraka. Ukipandwa mipakani mwa mashamba hutoa mbao, na matawi yanayopogolewa huwa kuni. Meko yanayotumia kuni chache nayo hupunguza mzigo wa kichwani.

Mraru haihitaji kufundishwa kuanza na kidogo. Katika miaka ya 1970, akina mama wa hapa walipochoka kuachwa barabarani na basi lililofika likiwa limejaa, walichanga shilingi kwa shilingi hadi wakanunua basi lao la kwenda Voi. Habari zao zilisomwa hadi ng'ambo. Kitalu cha miche ni rahisi kuliko basi. Kinahitaji mbegu, samadi, kivuli, na mtu wa kumwagilia jioni.

Atakayeona moshi msituni amjulishe chifu au kituo cha misitu kilicho karibu saa hiyohiyo, asingoje kujua nani kauwasha. Anayetaka kuokota kuni katika msitu wa serikali aulize kwanza kibali kituoni.

Sasa ni wakati wa maswali. Lile la kuni lianze.