Riba ni Dhambi kwa Nani?

(Mazungumzo na viongozi wa vikundi vya kujisaidia)

Hatutawachelewesha, maana tumeambiwa chakula kitakuwa tayari saa saba na hatutaki kushindana na sufuria.

Tunataka kuzungumza juu ya neno moja tunalolisikia karibu katika kila kikundi. Mambo yakiwa magumu mkutanoni, mtu husimama akasema, "Kila mtu na dini yake, kila dini na sheria yake." Watu wanapiga makofi, katibu anaandika, mkutano unaendelea. Ni neno la amani. Lakini sisi wenyewe tulilitumia vibaya, na ndiyo sababu tunalileta mbele yenu leo.

Kikundi kimoja, hatutakitaja, kilikuwa na akina mama ishirini na wawili, mmoja wao Mwislamu. Waliweka akiba kila wiki na kukopeshana. Riba ilikuwa asilimia 10 kwa mwezi kwa mwanachama, na asilimia 20 kwa mtu wa nje. Mama huyu aliweka akiba kama wengine, lakini siku ya kugawana faida ya mwaka alikataa sehemu yake. Alisema riba ni haramu, hawezi kuipeleka nyumbani kwake. Wenzake waliona kama anawahukumu. "Kwani sisi ni wezi?" Tukaitwa tuwapatanishe. Na tulisema nini? Tulisema, "Kwake ni dhambi, kwenu si dhambi, kila mmoja afuate yake." Tukanywa chai, tukaenda zetu.

Mwaka uliofuata mama mwingine, huyu ni wa kanisa letu, alikopa shilingi 4,000 ampeleke mtoto hospitali. Mtoto alikawia kupona, na biashara ya mboga ikalala. Miezi mitano ikapita hajalipa hata senti. Riba peke yake ilikuwa imefika shilingi 2,000. Kikundi kikaenda kikachukua mbuzi wake wa maziwa. Tulipouliza, mwenyekiti alitujibu kwa upole kabisa: "Ni sheria yetu, tuliiandika wenyewe. Kwetu si makosa. Si nyinyi mlitufundisha hivyo?"

Jameni, hatukuwa na jibu. Neno tulilolisema ili kulinda dhamiri ya mama mmoja sasa lilikuwa limemfungia mlango mama mwingine. Kama jema na baya ni kile tu ambacho kila watu wamekubaliana, basi nani anaweza kusema mbuzi arudishwe? Mchungaji hawezi, chifu hawezi. Hata mwenye mbuzi hawezi, maana na yeye alitia sahihi katiba ya kikundi.

Basi tulirudi tukasoma. Katika Kutoka 22 na Mambo ya Walawi 25 tulikuta Mungu anakataza kumtoza riba ndugu aliye maskini. Katika Nehemia 5 wakubwa wanakemewa kwa kuwabana wenzao kwa madeni mpaka wakachukua mashamba na watoto wao. Kumbukumbu la Torati 23 inakataza riba kwa ndugu lakini inairuhusu kwa mgeni. Tuliposoma hapo kijana mmoja wa ofisini kwetu alicheka, akasema kumbe ile asilimia 20 ya mtu wa nje imo katika Biblia! Tutarudi hapo.

Halafu tukasoma habari za kanisa, na hapo ndipo tulipoona aibu. Mwaka 325 mkutano mkuu wa maaskofu huko Nikea uliamua kwamba kasisi anayetoza riba aondolewe katika daraja lake. Mwaka 1179 mkutano mwingine, huko Roma, uliwanyima watoza riba wanaojulikana Meza ya Bwana na mazishi ya Kikristo. Kwa hiyo kwa zaidi ya miaka elfu moja viongozi wa kanisa wangekaa upande wa yule mama Mwislamu, si upande wetu. Na sisi tulimwambia ni mambo ya dini yake!

Baadaye mambo yakageuka. Mwaka 1545 John Calvin aliandika katika barua kwamba si kila riba ni dhambi. Mwaka huo huo Uingereza ikapitisha sheria iliyoruhusu riba hadi asilimia 10, lakini kwa mwaka, ndugu zangu, si kwa mwezi kama yenu. Leo makanisa mengi yana vyama vya akiba na mikopo, na hakuna anayenyimwa mazishi.

Hapa mtu mwerevu atasema, "Mnaona? Hata kanisa hubadilika. Dhambi ya jana leo ni ajenda ya mkutano. Basi hakuna baya la kweli, ni wakati na mahali tu." Swali hilo ni zito, tusilikimbie.

Jibu letu ni hili: tazameni kilichobadilika na kilichobaki. Sheria ya zamani ilimwona mtu mwenye njaa anayekopa unga. Baadaye watu waliona pia mfanyabiashara anayekopa ili anunue mali na apate faida, wakauliza kama huyu naye anaonewa akiombwa kidogo. Lakini Calvin aliyefungua mlango aliweka na komeo: usimtoze mtu aliye na shida. Hilo halikuguswa.

Kuna kisa kingine tulichokipenda. Mwaka 1462 huko Perugia, nchini Italia, watawa Wafransisko walisaidia kuanzisha sanduku la kuwakopesha maskini kwa rehani, wakitoza kidogo tu cha gharama. Wadominiko wakawapinga: hiyo ni riba! Ubishi uliendelea mpaka mwaka 1515, Papa Leo wa Kumi na mkutano mkuu wa kanisa walipoyakubali masanduku hayo. Zaidi ya miaka hamsini! Lakini hakuna aliyesema, "Wafransisko na yao, Wadominiko na yao, tukanywe chai." Walibishana kwa sababu pande zote mbili ziliamini kwamba kuna ukweli, na kwamba maskini ataumia wakikosea.

Kurani nayo, katika sura ya pili inayokataza riba, inaagiza mdaiwa aliye katika dhiki apewe muda, na kwamba kumsamehe ni bora zaidi. Hatusemi dini zote ni moja. Mama yule hapokei riba hata ya tajiri mwenye duka, na sisi tunapokea. Tofauti hiyo ipo na itabaki. Lakini kuhusu mbuzi wa mama aliyeuguliwa, Nehemia na Kurani hawana ugomvi.

Wala msidhani kuwa na dini kunatosha. Kikundi kile kilisali kabla ya kwenda kuchukua mbuzi.

Tuliomba mkutano mwingine, tukakiri makosa yetu. Safari hii tulimwomba mama Mwislamu aeleze sababu zake badala ya kumwambia abaki nazo. Alikuwa anahitaji mabati. Akapendekeza kikundi kiyanunue kwa shilingi 9,000, kimwuzie kwa 10,000, alipe kwa miezi mitano. Mmoja akanung'unika, "Si hiyo ni riba iliyobadilisha nguo?" Akajibu, "Hapana, dada. Bei haikui. Mtoto wangu akiugua kesho, deni ni elfu kumi ile ile." Kukawa kimya. Ndipo mwenyekiti mwenyewe akauliza kwa nini deni la yule mwenzao lilikua mtoto akiwa hospitalini.

Waliandika kwamba riba isimame mwanachama akipatwa na ugonjwa au msiba. Mbuzi alikuwa ameshauzwa. Walinunua mwingine, mdogo kidogo. Ile asilimia 20 ya mtu wa nje wameikataa kuiondoa. Tumewaambia kwamba jirani anayekopa dawa si mgeni wa Kumbukumbu la Torati, nao wakasema jirani ajiunge na kikundi. Bado tunabishana.

Sasa fungueni vitabu vyenu vya hesabu. Kila mweka hazina atafute nani alilipa riba nyingi zaidi mwaka jana, na nani alipata mgawo mkubwa zaidi. Kama ni mtu yule yule, nendeni mkale. Kama ni watu wawili, njooni na kitabu tukae pamoja baada ya chakula.