Chelagat Mutai na Shamba la Mkonge
Mada kwa semina ya wanawake na uongozi, Cheptiret



Waandaaji waliniomba nizungumze juu ya mwanamke wa kwanza. Neno "wa kwanza" linanitatiza. Mwanamke wa kwanza kuchaguliwa mbunge nchini Kenya ni Grace Onyango wa Kisumu Mjini, mwaka 1969, na kabla ya hapo alikuwa meya wa mji huohuo. Phillis Chelagat Mutai alikuja miaka mitano baadaye, katika uchaguzi wa Oktoba 1974, uchaguzi uleule uliowaingiza Nyiva Mwendwa wa Kitui na Julia Ojiambo wa Busia. Kwa hesabu ya foleni, basi, Chelagat si wa kwanza. Nimemchagua yeye kwa sababu ya yale aliyoyasema alipofika, na gharama aliyoilipa.

Alizaliwa 1949, kwa hiyo siku alipoapishwa alikuwa na miaka isiyozidi 25. Alisoma Highlands, shule tunayoiita leo Moi Girls Eldoret, kisha Chuo Kikuu cha Nairobi, ambako alihariri gazeti la wanafunzi. Msichana aliyetoka kuhariri gazeti hakuwa na mali ya kugawa. Kulikuwa na chama kimoja tu, KANU, na wagombea walipimwa kwa harambee na kwa majina ya baba zao. Hata hivyo watu wa Eldoret Kaskazini walimpa kura. Sisi wa huku Cheptiret tuko upande wa kusini wa mji, kwenye barabara ya Nakuru, hatukuwa wapiga kura wake. Lakini swali lake lilikuwa letu pia.

Swali lenyewe ni ardhi. Uasin Gishu yote ilikuwa sehemu ya Nyanda za Juu za Wazungu. Makaburu walifika na magari yao ya ng'ombe mwaka 1908, na mji wa Eldoret ukaitwa Sikstifoo kwa namba ya shamba ulipojengwa, 64, Sisibo kwa ndimi zetu. Baada ya uhuru mashamba yalianza kubadilisha mikono, lakini mikono mingi iliyoyapokea ilikuwa ya watu wenye vyeo na mikopo. Wale waliozaliwa vibaruani, kwenye nyumba za mabati za shamba, walibaki vibaruani. Jean-Marie Seroney, mbunge wa Tinderet, alikuwa ameshaliibua suala la ardhi katika Azimio la Nandi Hills mwaka 1969. Chelagat alilichukua kutoka hapo.

Angalieni kalenda. Machi 1975 mbunge J.M. Kariuki aliuawa, na Chelagat akawa miongoni mwa wabunge waliopiga kelele kutaka ukweli. Oktoba mwaka huohuo Seroney na mbunge mwenzake Martin Shikuku walikamatwa ndani ya majengo ya Bunge na kuwekwa kizuizini. Mwaka 1976 ikawa zamu yake: alishtakiwa kuwachochea wananchi kufanya vurugu kuhusu shamba la mkonge la Ziwa, jimboni mwake, akafungwa miaka miwili na nusu. Kifungo cha aina hiyo kilimvua mbunge kiti chake, kwa hiyo hakuna aliyehitaji kumshinda kwa kura.

Mimi huwa nauliza: je, wangemfunga mtu kwa sababu ya kudai zahanati? Sidhani. Mwanamke aliyezungumzia zahanati alipigiwa makofi hata na waziri. Aliyetaja ekari alipelekwa mahakamani.

Alitoka, na mwaka 1979 wananchi walewale wakamrudisha. Kwangu hili ndilo jambo zito kuliko yote, na huwa linapitwa haraka. Gereza halikumvunjia jina kijijini.

Kipindi cha pili alikaa na kundi dogo la wabunge wabishi: Koigi wa Wamwere, James Orengo, Mwashengu wa Mwachofi, Chibule wa Tsuma, Lawrence Sifuna na Abuya Abuya. Waziri Charles Njonjo aliwabandika jina la masista saba wenye ndevu. Mzaha ule ulikusudia kuwadharau wanaume kwa kuwaita wanawake. Aliyekuwa mwanamke kweli, na asiye na ndevu, alikuwa mmoja tu. Mwaka 1981, aliposhtakiwa kwa madai ya marupurupu ya safari, alikimbilia Tanzania na kuishi huko miaka kadhaa. Aliporejea, siasa ilikuwa imefungwa kwa kufuli, na hakukanyaga tena Bunge kama mbunge.

Sasa niruke hadi kwetu. Uchaguzi wa 2007, Uasin Gishu ilikuwa na majimbo matatu. Eldoret Mashariki ilimchagua Margaret Kamar. Eldoret Kusini, yaani sisi, tulimchagua Peris Simam. Majimbo mawili kati ya matatu, kabla ya katiba ya 2010 na kanuni yake kwamba jinsia moja isizidi theluthi mbili. Wale wanaosema watu wa huku hawawezi kumpigia mwanamke kura bila kusukumwa na sheria wanapaswa kueleza mwaka huo. Jimbo la tatu, lile la kaskazini ambalo wananchi wake walimrudisha Chelagat kutoka gerezani, lilikwenda kwa William Ruto.

Ninachowaomba mkijadili kwenye makundi ni hiki: katika hotuba za wagombea wetu, wanawake kwa wanaume, ni nani anayetaja shamba, kibarua na hatimiliki kwa majina yake? Basari na mizinga ya nyuki tumeisikia ya kutosha. Sijasema ni mbaya.

Machi 2013 Kenya ilichagua kwa mara ya kwanza wawakilishi wa wanawake 47, mmoja kwa kila kaunti. Chelagat alikuwa Nairobi, mgonjwa, akiishi kwa msaada wa marafiki. Alifariki Julai mwaka huohuo.