Q alizaliwa Newport

Haya ni maneno niliyozungumza kwenye kikao chetu cha Jumamosi hapa Newport. Waliokosa kufika wameomba yaandikwe.

Chai iko nyuma pale, anayetaka kuinuka kuchukua asione haya.

Siku hizi kila ninayekaa naye kuandika sivii ya kuombea kazi, tunakwama mahali pamoja. Ni pale panapouliza ulikuwa wapi na ulifanya nini, tangu mwaka fulani mpaka mwaka fulani. Mtu amekaa Nyarugusu miaka kumi na tisa. Mwingine Kakuma, mwingine Kyangwali. Kalamu inasimama. Kuna baba mmoja aliniambia, "Mwanangu, hapo piga mstari tu, niliishi bure." Mimi nimekulia Nyarugusu, najua hakuishi bure, lakini ukimwambia hivyo anadhani unamfariji.

Basi leo nimeamua nisiwahutubie. Nitawasimulia habari za mtu wa mji huu huu. Watoto wenu wanaijua sura yake hata kama jina hawalijui. Kwenye filamu za James Bond kuna mzee mmoja mwenye hasira za karibu, anampa Bond kalamu inayolipuka, anampa gari lenye kiti kinachomrusha abiria nje kupitia kwenye paa, halafu anamkanya asiviharibu. Wanamwita Q. Ni kifupi cha neno la jeshini, yaani mkuu wa stoo. Sisi tuliosimama foleni za mgao tunaijua vizuri hasira ya mtu wa stoo.

Aliyeigiza nafasi hiyo anaitwa Desmond Llewelyn. Alizaliwa hapa Newport mwezi wa Septemba 1914, baba yake alikuwa injinia wa migodi ya makaa ya mawe. Akasomea uigizaji London, katika chuo cha RADA. Ndiyo kwanza anaanza kupata kazi, vita vikaingia. Akawa ofisa katika kikosi cha Royal Welch Fusiliers, na mwaka 1940 Wajerumani wakamkamata Ufaransa. Akakaa mfungwa wa vita miaka mitano.

Tupige hesabu. Alikamatwa ana miaka 25, akatoka ana 30. Kwa mwigizaji hiyo ndiyo miaka ya kutafuta jina. Yeye aliimaliza ndani ya uzio, akisubiri watu wengine waamue lini atatoka. Nani humu ndani hajui kusubiri kwa namna hiyo?

Na alipotoka hakuna aliyemwekea kiti. Alianza na vinafasi vidogo vidogo. Mwaka 1950 aliigiza askari wa vifaru katika filamu inayoitwa They Were Not Divided, iliyoongozwa na Terence Young. Mwaka 1951 yumo katika The Lavender Hill Mob, filamu ambayo Waingereza wanaipenda mpaka leo, lakini jina lake halikuandikwa kabisa. Ukimtafuta kwenye orodha ya mwisho humwoni, ukitazama picha yenyewe yupo. Hivyo ndivyo ilivyokwenda miaka mingi, filamu hapa, televisheni pale, askari, karani, mtumishi.

Sasa sikilizeni. Mwaka 1963 yule yule Terence Young alikuwa anaongoza From Russia with Love, filamu ya pili ya Bond. Mwigizaji aliyekuwa na nafasi ya fundi wa silaha katika ile ya kwanza hakupatikana. Young alikuwa ameshafanya kazi na Llewelyn miaka kumi na mitatu nyuma, kwenye ile filamu ya vifaru. Akampa nafasi. Llewelyn alikuwa anakaribia miaka 49.

Young alitaka fundi huyo azungumze kwa lafudhi ya Wales. Llewelyn hakuona kwamba inamfaa mtu yule. Hakugombana. Alimsomea maneno kwa lafudhi nzito ya Kiwelshi, mkurugenzi akasikia mwenyewe, wakakubaliana aongee Kiingereza cha kawaida. Msinielewe vibaya, sisemi mfiche lafudhi zenu. Yangu mnaisikia, na simu za ofisi napokea. Ninachokipenda mimi ni kwamba mtu mwenye kinafasi kidogo alikuwa na maoni kuhusu kazi yake, na akajua namna ya kuyaonyesha bila kelele.

Mwaka uliofuata, kwenye Goldfinger, mkurugenzi alikuwa mwingine, Guy Hamilton. Bond alipoingia karakana, Llewelyn akampokea kwa heshima, kama mfanyakazi anavyompokea mkubwa. Hamilton akamkataza. Akamwambia huyu mtu humpendi, kwa sababu havijali vifaa unavyohangaika kuvitengeneza. Ule uso wa kuchoka na Bond, ambao watu wameucheka miaka zaidi ya thelathini, umetoka kwenye maelezo hayo mafupi. Mkipata msimamizi anayewaeleza kazi hivyo, mshikeni.

Aliigiza Q katika filamu 17, na akina Bond watano tofauti. Wao walibadilishwa, yeye akabaki. Usidhani lakini kwamba alitajirika. Kwa kawaida ilikuwa dakika chache kwenye filamu, siku chache za kazi. Mwaka 1973 walitengeneza filamu moja bila yeye, wakati alikuwa kwenye mchezo wa televisheni wa Follyfoot, wa mambo ya farasi. Mwaka 1974 akarudi. Ya mwisho ilitoka Novemba 1999, na Desemba hiyo hiyo akafa kwa ajali ya gari, ana miaka 85. Na yule bingwa wa vifaa mwenyewe alikuwa akisema vifaa vya nyumbani vinamshinda.

Nisiwadanganye. Yeye alirudi nchini kwake, kwenye lugha yake, na utotoni alisoma shule ya gharama. Vyeti vyake vilijulikana. Ninyi mmebeba mzigo mzito zaidi. Tofauti hiyo ni kubwa na siwezi kuipunguza kwa hadithi.

Lakini ile nafasi tupu kwenye sivii tusiiache tupu. Ulifundisha darasa la tatu kambini kwa posho, hiyo ni kazi ya ualimu, ina miaka na ina jina la shule. Uligawa mgao, umefanya kazi ya stoo. Ulitafsiri zahanati, uliongoza kikundi cha akina mama, ulishona. Andika mwaka na andika mahali, hata bila barua. Wenye vyeti vya Kongo, Burundi au Tanzania, kuna huduma ya UK ENIC inayotoa barua ya kueleza cheti chako kinalingana na kipi hapa. Inalipiwa, kwa hiyo tuzungumze kwanza kabla hujatuma pesa.

Meza ya sivii ni Jumanne saa nne asubuhi, chumba kile kile. Njoo na karatasi zako zote, hata zilizochanika. Baba yule wa kupiga mstari ameshachukua nafasi ya kwanza.