Shauri la Talaka Huanzia Katani



Mwanamke aliyeolewa kimila Endulen, mwanamume aliyefunga ndoa kanisani Rhotia, Mwislamu wa Mang'ola na mfanyabiashara wa Kihindu wa Karatu mjini hawana sheria nne za talaka. Wana moja: Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei mwaka huo. Nchini India, Wahindu wana sheria yao ya ndoa ya mwaka 1955, na Kenya ilikuwa na sheria ya pekee kwa Wahindu mpaka ilipotunga Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014. Tanzania ilikwisha kuchagua njia ya pamoja. Mila na dini zina nafasi yake katika kufunga ndoa, lakini amri ya kuivunja hutolewa na mahakama.

Hata hivyo, mahakama si mlango wa kwanza. Kifungu cha 101 kinataka mgogoro upelekwe kwanza kwenye Baraza la Usuluhishi wa Ndoa, lenye mwenyekiti na wajumbe wasiopungua wawili wala kuzidi watano. Baraza linalohusika ni la kata anamoishi mume. Iwapo wanandoa wote ni wa jumuiya moja ambayo baraza lake limetambuliwa na Waziri, huenda huko. Mke aliyerudi kwao Karatu hali mumewe yuko Ngorongoro hana budi kuifikiria nauli hiyo mapema. Mawakili hawaruhusiwi kumwakilisha mtu barazani, na pengine ni heri: maneno ya nyumbani husemwa vyema na wenye nyumba.

Hapa ndipo wengi hukwama. Kikao cha ukoo, au cha wazee wa boma chini ya laigwanani, kina heshima yake na huponya ndoa nyingi, lakini hakichukui nafasi ya Baraza lililowekwa kisheria. Vivyo hivyo, barua ya kumtambulisha mtu mahakamani si hati ya usuluhishi. Hati halali hueleza kwamba Baraza limewasikiliza wahusika na limeshindwa kuwapatanisha. Tena, iwe imetolewa ndani ya miezi sita kabla ya shauri kufunguliwa. Aliyeifungia sandukuni mwaka mzima atalazimika kurudi barazani. Mahakama ya Rufani imewahi kufuta mwenendo mzima wa shauri kwa sababu ya kasoro ya hati hiyo. Aliyekwisha kupewa talaka na sehemu ya mali hujikuta mikono mitupu, akiwa bado ni mwanandoa. Watendaji na wajumbe wa mabaraza walitafakari hilo kila wanaposhika kalamu.

Sheria haimfungii mlango aliyetelekezwa na asiyejua mwenzake aliko, wala ambaye mwenzake aliitwa barazani akakataa kwa makusudi kufika. Hao wanaweza kwenda mahakamani bila hati, mradi wathibitishe hali hiyo.

Shauri hufunguliwa Mahakama ya Mwanzo, ya Wilaya, ya Hakimu Mkazi au Mahakama Kuu. Ndoa isiyotimiza miaka miwili huhitaji kibali cha mahakama kwanza. Maombi yataje ndoa ilivyofungwa, watoto na umri wao, mashauri yaliyotangulia, sababu za kudai kwamba ndoa imevunjika kiasi cha kutorekebishika, na nafuu inayoombwa. Ukatili, uzinzi na kutelekezwa kwa miaka isiyopungua mitatu ni miongoni mwa mambo ambayo mahakama huyapima.

Mali isisahaulike katika maombi hayo. Tangu shauri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu la mwaka 1983, kazi za nyumbani zinahesabiwa kuwa mchango katika mali iliyochumwa pamoja. Mke wa boma aliyejenga nyumba kwa mikono yake, akakamua na kulea ndama, aeleze hayo yote bila haya. Kuhusu mtoto aliye chini ya miaka saba, sheria huanza kwa kudhani kuwa ni vyema akae na mama yake, ingawa dhana hiyo yaweza kupingwa kwa ushahidi.

Asiyeweza kuandika maombi amwone msaidizi wa kisheria anayetambuliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, au aulizie kwa Afisa Ustawi wa Jamii. Aende na cheti cha ndoa; na kama ndoa ni ya kimila isiyo na cheti, aende na majina ya mashahidi walioshuhudia mahari ikitolewa.