Kibarua Akithibitishwa, Ahesabiwe Tangu Lini?
(Maneno yaliyosemwa mbele ya wanachama, Nansio, Ukerewe)



Tawi limetutaka tuseme machache juu ya jambo linaloleta ugomvi katika nyumba nyingi hapa kisiwani, na ng'ambo huko Mwanza mjini. Mtumishi wa muda wa serikali akisha kuandikwa kazi ya kudumu, ukubwa wake kazini uhesabiwe tangu lini? Tangu siku aliyoanza kazi, au tangu siku aliyopewa barua?

Sisi si wanasheria. Sisi ni watu wa chuo na duka. Lakini jambo hili twalijua kwa njia ya daftari. Yupo mteja wetu, jina lake tunalihifadhi, aliyefanya kazi ya muda katika ofisi moja ya umma kwa miaka 11. Siku ya kuandikwa kazi ya kudumu aliandikwa pamoja na kijana aliyeingia mwaka uliotangulia. Orodha ikapigwa chapa kwa kufuata herufi za majina. Kijana akawa juu, mzee akawa chini. Ilipotokea nafasi ya unyapara, mkubwa wa ofisi akaitazama orodha ile ile, akamchukua wa juu. Mzee alipouliza, akajibiwa kuwa miaka yake 11 haimo katika faili. Tangu siku ile watu wawili waliokuwa wakila sahani moja hawasalimiani.

Ndugu zetu, msidhani huu ni ugomvi wa heshima tu. Kwanza, ndio unaoamua nani apandishwe cheo. Pili, siku ya kupunguza watu, desturi ni kuwa wa mwisho kuingia ndiye wa kwanza kutoka. Na kamba hukatikia pembamba. Tatu ni uzeeni. Sheria ya mfuko wa watumishi wa umma ya mwaka 2018 yataka michango ya miezi 180, yaani miaka 15, ndipo mtu apate pensheni ya kila mwezi. Umri wa kustaafu kwa lazima kwa watumishi walio wengi ni miaka 60. Haya, pigeni hesabu: aliyethibitishwa akiwa na miaka 48 atachangia miaka 12 tu. Ikiwa mchango haukukatwa alipokuwa kibarua, miaka ile imekwenda na maji.

Lakini haki ina pande mbili, nasi hatupendi kusema upande mmoja. Kijana naye ana hoja. Yeye aliomba kazi kwa tangazo, akaketi mbele ya wasaili, akashinda. Asema: "Je, nipitwe na mtu aliyeingizwa na mjomba wake kwa mlango wa nyuma?" Neno hili lina uzito.

Ng'ambo ya bahari wamekwisha kulipima. Mwaka 1990 Mahakama ya Juu ya India iliamua shauri la wahandisi wa serikali ya Maharashtra. Ilisema kuwa aliyeteuliwa kwa kufuata kanuni ahesabiwe tangu siku ya kuteuliwa, si siku ya kuthibitishwa. Lakini aliyewekwa kuziba pengo tu, bila kufuata kanuni, muda ule usihesabiwe katika ukubwa. Sisi twaona mizani hiyo ni ya haki: haimdhulumu mzee, wala haimfungulii mjomba mlango.

Wala hapa kwetu jambo hili si geni. Tangu tarehe 20 Mei 2004 serikali ilitaka aajiriwaye awe na elimu ya kidato cha nne. Ulipokuja uhakiki wa vyeti, wengi wa darasa la saba waliondolewa kazini, wakiwamo watendaji wa vijiji. Mwezi wa Aprili 2018 serikali ikatamka Bungeni kuwa waliokuwamo kazini kabla ya tarehe ile, wawe wa kudumu, wa mkataba au wa muda, warudishwe. Tazameni basi: siku za kibarua zilihesabiwa katika kumrudisha mtu kazini. Kwa nini zisihesabiwe katika kumpangia daraja?

Kwa hiyo twaliomba tawi liwaagize madiwani wadai mambo matatu. La kwanza, kila kibarua apewe karatasi yenye tarehe, tangu siku ya kwanza. La pili, kabla ya kuthibitisha watu, orodha ya ukubwa ibandikwe ukutani, na mwenye malalamiko apewe muda wa kuyaleta. La tatu, kanuni ya kupanga majina iandikwe kwanza, majina yafuate baadaye.

Na sisi wenyewe tusiende kumwombea fulani kwa kuwa ana kadi yetu. Tukifanya hivyo, tutakuwa ndio mjomba yule yule.

Wahenga walisema, mali bila daftari huisha bila habari. Katika Sura ya Al-Baqara tumeamrishwa kuandika deni na muda wake. Miaka ya mtu ni deni kubwa kuliko kilo ya sukari. Leo usiku kila mwenye barua, stakabadhi ya mshahara au karatasi yoyote ya kazi aitafute, aiweke mahali pakavu.

Wabillahi tawfiq.