Oumarou Ganda: aliyetaka kusimulia mwenyewe

Oumarou Ganda wa Niger alifanya kazi ya ukuli bandarini Abidjan kabla ya kuigiza katika filamu ya Mfaransa Jean Rouch, Moi, un noir, ya mwaka 1958. Hakuridhika na ilivyomwonyesha. Alikuwa amepigana Indochina katika jeshi la Ufaransa, akataka kuyasimulia hayo mwenyewe. Ndipo akaongoza filamu ya Cabascabo. Mwaka 1972, filamu yake Le Wazzou polygame ilitwaa tuzo kuu ya tamasha la filamu la FESPACO, Ouagadougou.

Kwa nini hili litushughulishe? Kwa sababu mwongozaji ndiye anayeamua maisha yetu yaonekane vipi. Kwa upande mwingine, ni haki tuseme Rouch alimfungulia mlango, na si kila mwigizaji hodari anaweza kuongoza. Lakini waigizaji wetu wenye hadithi zao, nani atawakabidhi kamera?